Kufundisha jimnastiki: tufuate mtindo wa kila mwanafunzi, ao tufuate nini?

Mimi ni mtu wa agronomia. Nilipomaliza lisansi nilizunguka na dosiye yangu miezi saba kwenye ofisi za miradi, na mwishowe kazi iliyopatikana ilikuwa ya kufundisha kwenye shule moja ya sekondari hapa Kivu ya Kusini. Prefe alinipa biolojia na kemia, vile nilivyotumainia. Kisha akaangalia karatasi yake ya masaa, akasema: "Prof, kunabaki masaa mawili ya jimnastiki kwa darasa la tatu. Wewe ni kijana, utayabeba." Sikukataa. Mtu ambaye jina lake halijafika bado kwenye listi ya kulipwa na Serikali hakatai masaa.

Wengi kati yenu munaosoma hapa mumepita njia hiyo, ao mutaipita. Ndiyo maana naandika juu ya jambo ambalo si la fakilte yangu. Swali ni hili: je, mwalimu wa jimnastiki anapaswa kulinganisha njia yake ya kufundisha na mtindo wa kujifunza wa kila mwanafunzi? Wenzetu wa pedagojia wanalipenda sana swali hilo kwa kazi zao za mwisho wa masomo, na mara nyingi jibu la ndiyo linakuwa limeshaandikwa kwenye utangulizi, mbele ya kupima kitu chochote. Mimi pia nilijibu ndiyo. Nilipoteza nusu ya mwaka, na kuna binti mmoja aliyepoteza zaidi kuniliko. Nitamfikia.

Nilianza sawa vile mtu wa unif anavyoanza: kwa kusoma. Kwenye simu nilipata andiko la Kifaransa lililosema kwamba kuna wanafunzi wa kuona, wa kusikia na wa kutenda, na kwamba kila mmoja anafahamu vizuri akifundishwa kupitia mlango wake. Nikatunga maulizo kumi na mbili, nikapiga fotokopi kwa pesa yangu, nikawapa wanafunzi wote 58. Majibu yakatoka: 21 wa kuona, 16 wa kusikia, 21 wa kutenda. Nikafurahi, juu ya hesabu iligawanyika vizuri.

Somo lilikuwa kuruka juu. Kikundi cha kuona kilisimama karibu na ukuta, pale nilibandika picha nilizochora za mtu anayeruka kwa mtindo wa makasi. Kikundi cha kutenda kikaenda kwenye kamba. Kikundi cha kusikia nikakikalisha chini ya mti wa avoka, nikakieleza kwa maneno: hatua tano za mbio, mguu wa kusukuma, mguu wa kutangulia, mikono. Nilieleza vizuri kabisa, nakumbuka. Nilipomaliza, kijana mmoja akanyoosha mkono: "Prof, na sisi tutaruka saa ngapi?"

Darasa likacheka, na mimi nikacheka. Usiku swali lile likanikatalia usingizi. Kuruka hakuingii mwilini kupitia masikio. Yule anayesema yeye ni wa kusikia, siku atakapojua kuruka itakuwa juu aliruka mara nyingi, akaanguka, akarekebishwa, akaruka tena. Na yule wa kutenda, naye anahitaji kuona mtu mwingine akiruka mbele yake, maana hakuna anayeweza kuiga kitu ambacho hajakiona. Kwenye jimnastiki wote wanaona, wote wanasikia, wote wanatenda. Sasa mimi nilikuwa nimegawa nini?

Wazo lenyewe si la wajinga, tuliheshimu kidogo. Mwaka 1984 Mmarekani David Kolb alitoa kitabu kinachosema kwamba mtu anajifunza kwa mzunguko: anapata tukio, analifikiria, anajenga wazo, anajaribu, na kwamba watu wanapendelea sehemu tofauti za mzunguko huo. Kisha Neil Fleming wa Nyuzilandi akatengeneza mnamo 1987 maulizo yanayoitwa VARK: kuona, kusikia, kusoma na kuandika, kutenda. Yeye alikuwa Lincoln, chuo kilichoanza kama shule ya kilimo, kwa hiyo sisi wa agronomia tuna undugu wa mbali na kosa langu. Maulizo hayo ni mepesi, yanajibiwa kwa dakika chache, yanampa kila mtu jina lake. Watu wanapenda kupewa jina.

Tena ni kweli kwamba watu wana mapendeleo. Ukiniuliza napenda kusoma ao kusikiliza, nitakujibu bila kusita, na mwaka ujao pengine nitakujibu vilevile. Hapo hakuna shida. Shida inaanza kwenye hatua inayofuata, pale tunaposema: kwa kuwa anapenda kusikiliza, basi akifundishwa kwa kusikiliza atajua zaidi. Hiyo ni hatua nyingine kabisa, na inahitaji ushuhuda wake yenyewe. Mtoto anapenda sukari. Hatusemi kwamba sukari ndiyo inamkomaza.

Mwaka 2004, huko Uingereza, Frank Coffield na wenzake walihesabu aina 71 za mitindo ya kujifunza zilizotungwa na watu mbalimbali, wakachunguza 13 kwa undani. Sabini na moja! Kama madaktari wangekuwa na aina 71 za kugawa malaria, kila mmoja ya kwake, tungeogopa kumeza dawa. Halafu mwaka 2008 wanasaikolojia wanne wa Marekani, Harold Pashler, Mark McDaniel, Doug Rohrer na Robert Bjork, walitafuta utafiti wenye kuonyesha kwa njia halali kwamba kulinganisha njia na mtindo kunaleta faida. Walikuta kwamba karibu tafiti zote hazikupangwa vile inavyopaswa ili kujibu swali hilo, na kati ya zile chache zilizopangwa vizuri, kadhaa zilitoa jibu la kupinga.

Sasa, "vile inavyopaswa" ni vipi? Hapa niliacha kujisikia mgeni, juu ni kitu tulifundishwa shambani.

Chukua maharagi. Kuna yale mafupi, na kuna yale yanayopanda kwenye miti. Yale ya kupanda yanazaa zaidi kama udongo una nguvu na kama umepata miti ya kuyasimamisha. Kwenye udongo uliochoka mambo yanabadilika. Mkulima akija kukuuliza "nipande aina gani?", huwezi kumjibu kwa kupanda aina moja kwenye shamba zuri na nyingine kwenye shamba bovu, kisha kulinganisha magunia. Lazima aina zote mbili ziende kwenye mashamba yote mawili. Ukimaliza, unaangalia. Ikiwa aina ya kwanza inashinda kila mahali, hakuna cha kulinganisha: wape wote hiyo. Ikiwa ya kwanza inashinda kwenye udongo mzuri na ya pili inashinda kwenye udongo mbaya, hapo tu ndipo unaweza kusema kila udongo na mbegu yake. Mistari miwili kwenye mchoro lazima ikatane. Na ni kura inayochagua kipande gani kinapata mbegu gani, si wewe, maana bila kujijua utaweka mbegu unayoipenda pale penye majani mabichi. Ronald Fisher, aliyeingia kituo cha Rothamsted huko Uingereza mwaka 1919, ndiye aliyefanya jambo la kura kuwa sheria kwetu.

Kwenye darasa ni vilevile. Tuseme, kwa mfano tu, wale wa kuona wakifundishwa kwa picha wanapata 14 kwa 20, na kwa maneno wanapata 11. Wale wa kusikia wakifundishwa kwa picha wanapata 13, na kwa maneno wanapata 10. Watu wengi wakiona hesabu hiyo watashangilia: "Unaona, wa kuona wamepata zaidi kwa picha!" Lakini hata wa kusikia wamepata zaidi kwa picha. Mistari inakwenda pamoja sawa reli mbili, haikatani. Maana yake ni kwamba kwa somo lile picha ni bora kwa kila mtu, na ile kazi yote ya kugawa darasa ni bure. Ukiwapa picha wa kuona peke yao, hutapata hata namna ya kujua hilo. Kosa hilo ndilo nililifanya mimi chini ya mti wa avoka, na ndilo linajaa kwenye kazi nyingi za mwisho wa masomo: tunagawa maulizo, tunahesabu asilimia za kila mtindo, tunauliza wanafunzi kama walifurahi, tunafunga.

Basi mwalimu afundishe watu wote kwa njia moja? Hapana. Watoto wanatofautiana, na njia zinatofautiana. Ila ile tofauti yenye maana haiko pale tulikuwa tunaitafuta. Lee Cronbach, mwanasaikolojia Mmarekani, alikuwa ameita wenzake tangu 1957 watafute namna tabia za mtu zinavyokutana na njia ya kumfundisha, na mwaka 1977 yeye na Richard Snow walitoa kitabu kikubwa juu ya hilo. Kilichosimama zaidi kwenye utafiti huo ni kitu cha kawaida sana: mwenye uwezo mdogo ao anayeanza anafaidika na mafundisho yaliyopangwa hatua kwa hatua, na aliyekwisha kuendelea anaweza kuachiwa nafasi zaidi. Kwa hiyo uliza kwanza: huyu mtoto amefika wapi katika jambo hili? Mlango wake ni upi si swali la kuanzia.

Na swali la pili ni: jambo lenyewe ni la aina gani? Mwaka 1966 mtu mmoja anayeitwa Muska Mosston, aliyefundisha jimnastiki Marekani, alitoa kitabu kilichobadilisha kazi hiyo. Aliangalia kufundisha kama mfululizo wa maamuzi: nani anaamua tufanye nini, wapi, kwa mwendo gani, na nani anasema kama imefanyika vizuri. Mwalimu akiamua yote, tuko kwenye amri. Mwanafunzi akiamua karibu yote, tuko mwisho wa pili. Katikati kuna ngazi nyingi. Yeye na mwenzake Sara Ashworth walifika kwenye njia 11. Jambo ninalolipenda kwa Mosston ni kwamba alikataa kuzigombanisha njia hizo. Hakuna ya kishamba na ya kisasa. Kila moja ina kazi yake.

Kwa mfano, kutupa tufe. Kitu cha kilo nne kinaweza kuvunja kichwa. Hapo mimi ni komanda bila haya: wote nyuma ya mstari, filimbi, tupeni, simameni, filimbi, kaokoteni. Hakuna mwanafunzi wa kugundua mwenyewe. Vilevile kuruka kwa mgongo. Vijana wameona kwenye televisheni, wanataka kuiga ile njia Dick Fosbury aliyoshindia Mexico mwaka 1968 kwa mita 2,24. Njia hiyo inakuangusha kwa mgongo na shingo, na inahitaji matandiko manene ya povu. Sisi tuna mchanga. Jibu ni hapana, tunaruka makasi, tunatua kwa miguu. Lakini tukifika kwenye mpira, kusimama na filimbi na kupanga watoto mistari ya kupiga pasi dakika 40 ni kupoteza watoto. Waingereza wawili, David Bunker na Rod Thorpe, walieleza mwaka 1982 kwamba ni afadhali kuanza na mchezo mdogo wenye kumlazimisha mtoto kufikiri: watatu kwa watatu, goli ndogo, halafu unasimamisha na kuuliza, "Nafasi iko wapi?" Ufundi wa mguu unakuja akiona unamsaidia nini.

Kuna moja ya njia za Mosston inayofaa shule zetu kuliko zote, nayo ni ile ya wanafunzi wawili wawili: mmoja anatenda, mwenzake anaangalia akiwa na karatasi mkononi, anamwambia. Fanya hesabu. Saa moja ya darasa ni dakika 50. Watoto 58. Ukiacha kila kitu kingine, kila mmoja anapata macho ya mwalimu sekunde 51, na hapo hujatoa muda wa kushuka kiwanjani na kunawa. Tangu elimu ya msingi ilipotangazwa bure kwenye shule za Serikali mwaka 2019, madarasa yamejaa, na watoto wale wanapanda sekondari. Nikiwaweka wawili wawili, napata waangalizi 29. Karatasi inasema mambo matatu tu: Je, alisukuma kwa mguu mmoja? Je, mguu wa mbele ulinyooka? Je, alitua kwa miguu? Mwanzoni wanachekana. Wiki ya pili wanaanza kubishana sawa waamuzi, na yule mwangalizi mwenyewe anaanza kuruka vizuri, maana amelazimika kuangalia mara ishirini kitu kile kile.

Mambo mengine mawili kuhusu mazoezi yenyewe, kwa haraka. Mwaka 1979 John Shea na Robyn Morgan walifundisha watu miendo mitatu ya mkono. Kikundi kimoja kilimaliza mwendo wa kwanza wote, kisha wa pili, kisha wa tatu. Kikundi kingine kilichanganya. Wakati wa mazoezi, wale wasiochanganya walionekana bora. Walipopimwa baadaye, hata kisha siku kumi, waliochanganya ndio walioshika. Sisi walimu tunapenda kile kinachopendeza leo mbele ya inspekta, na kesho kutwa kimetoka. Kwa watoto wanaoanza kabisa, na kwenye kiwanja cha kweli, faida ya kuchanganya haiko wazi vile, kwa hiyo mimi naanza kwa kitu kimoja mpaka kisimame, ndipo nachanganya. La pili ni la Gabriele Wulf na wenzake, mwaka 1998, kwa mashine inayoiga mchezo wa kuteleza juu ya theluji. Walioambiwa waelekeze akili kwenye miguu yao walijifunza polepole kuliko walioambiwa waielekeze kwenye magurudumu yaliyo chini ya miguu hiyo. Tafiti nyingi zilizofuata zilikwenda upande huo. Tangu nisome hayo siambii tena mtoto "kunja goti nyuzi hivi". Namwambia "sukuma ardhi, iache nyuma". Neno moja linabadilika, na mwili wote unajipanga.

Sasa yule binti.

Alikuwa kwenye kikundi changu cha kuona. Kila siku ya kuruka, kichwa kilimuuma. Wiki ya kwanza, ya pili, ya tatu. Siku za mpira alikuja, siku za kamba hapana. Mwisho wa kipindi nikampa 8 kwa 20, na kwenye buletini nikaandika maneno mawili: "Hana nia." Nilikuwa na maulizo yake kumi na mawili kwenye kabati, yamejazwa kwa biki ya bluu, na niliamini namfahamu.

Mama mmoja anayefundisha Kifaransa ndiye aliyeniita pembeni. Ananizidi miaka zaidi ya ishirini, aliniita mtoto wangu, siyo prof. "Mtoto wangu, ulimuuliza?" Sikuwa nimemuuliza. Mwaka uliotangulia, na mwalimu mwingine, binti alinasa kamba, sketi ikapanda mbele ya vijana wote, na wiki nzima walimwimbia. Sketi hiyo ndiyo moja aliyo nayo. Nilipoenda kumwuliza polepole, mbele ya mama yule, alijibu akiangalia chini: "Niko naogopa, batanicheka tena."

Katika maulizo yangu kumi na mawili hakukuwa hata ulizo moja la nguo. Hakukuwa ulizo la kuanguka. Niliuliza kama anapenda ramani ao maelezo.

Nilikwenda kwa prefe kuomba wasichana wavae pantalo chini ya sketi siku ya jimnastiki. Ilichukua wiki mbili, juu ya kanuni za shule, lakini alikubali. Na kwa upande wa kamba, jibu lilikuwa kwa Mosston tena, kwenye mfano wake unaojulikana kuliko yote. Kamba iliyolala sawa inafanya nini? Inatoa watu. Ukiiweka mita moja, aliyeshindwa anakaa chini. Ukiipandisha, wengine wanakaa. Mwisho anabaki mmoja anayeruka na 57 wanaomtazama. Aliyehitaji mazoezi zaidi ndiye amefanya machache, na amekaa chini mbele ya watu. Mosston akasema: ilaze kamba kwa mteremko. Upande mmoja chini, upande wa pili juu. Kila mtu anachagua mwenyewe pa kurukia. Hakuna wa kutoka.

Nilifunga upande mmoja kwenye mti wa avoka, sentimita 130, na wa pili kwenye nguzo ya goli, sentimita 40. Nikafunga vipande vya kikwembe cha zamani kwenye kamba kila panapopanda sentimita kumi, ili mtu ajue yuko wapi. Nikafanya kosa moja siku ya kwanza: niliwaambia waruke kwa zamu mmoja mmoja, kwa hiyo macho yakabaki pale pale. Wiki iliyofuata niliweka kamba mbili, watu wanaruka sehemu mbalimbali mara moja, kila mmoja na mwangalizi wake. Hakuna aliyekuwa na muda wa kumtazama mwingine.

Binti alianza pale pa chini kabisa, sentimita 40, na mwenzake wa kalasi akimshikia karatasi. Alibaki pale masomo mawili. Somo la tatu akasogea. Mwisho wa mwaka aliruka 80, ambayo si kitu cha kuandika gazetini, na kichwa hakikumuuma tena. Kuna kijana mrefu upande wa pili wa kamba ambaye zamani alikuwa anaruka mita moja huku akitafuna muwa. Sasa alikuwa anashindwa 130 na kurudi tena na tena, amekasirika. Yeye pia kamba ya sawa ilikuwa haimfundishi kitu. Wote wawili, kwa maulizo yangu, walikuwa "wa kuona".

Buletini niliyoandika siwezi kuifuta. Niliomba radhi kwa binti na kwa mama yake aliyekuja kikao cha wazazi. Mama alisema hakuna neno. Mimi najua kulikuwa na neno.

Kuna kitu kimoja sitaki mukichanganye. Ninaposema mitindo haina ushuhuda, sisemi kwamba mahitaji hayapo. Mtoto asiyesikia vizuri hatajua filimbi imelia. Inua kitambaa chekundu. Asiyeona mbali, mpe mpira wenye rangi kali na umweke karibu. Mwenye asma, asikimbizwe asubuhi ya vumbi, na ujue dawa yake iko kwenye mfuko gani. Aliyekuja bila kula tangu jana, mazoezi ya kukimbia kilomita mbili si elimu kwake. Hayo hayatokani na maulizo ya kupenda ao kutopenda. Yanatokana na kumjua mtoto, na mara nyingi mwalimu wa mwaka uliopita anayajua tayari, ila hakuna anayemuuliza.

Kwa wenzangu munaotafuta somo la kazi ya mwisho: swali hili bado ni zuri, na shule zetu hazijapimwa vya kutosha. Lakini lipange kama shamba. Chukua mwendo mmoja unaopimika kwa mita, tuseme kuruka mbali bila mbio. Pima kila mwanafunzi mbele ya kuanza. Wape maulizo ya mtindo, ufunge majibu kwenye bahasha. Kisha weka majina ndani ya kofia, utoe kwa kura ndani ya kila mtindo: nusu wafundishwe kwa picha na mfano, nusu kwa maneno, muda sawa, idadi ya kuruka sawa. Hiyo ya idadi ya kuruka usiisahau, la sivyo utapima mazoezi na kuyaita mtindo. Mwenye kupima mwishoni awe mtu mwingine, asiyejua nani alitoka kikundi gani. Pima siku ile, na upime tena wiki mbili baadaye. Kisha chora mistari yako miwili. Isipokatana, andika kwamba haikukatana. Dirigi wako anaweza kukunja uso, juu wengi bado wanadhani kazi isiyopata tofauti ni kazi iliyokosa. Mwonyeshe kura yako na vipimo vyako. Kwetu mkulima aliyeambiwa kwa haki kwamba mbolea fulani haiongezi kitu ameokoa pesa ya mfuko mzima.

Mimi nina masaa yale mawili bado, mwaka wa tatu huu. Kamba iko kwenye ofisi ya prefe, nyuma ya ramani ya Congo, na vile vitambaa vya kikwembe vimeanza kupoteza rangi. Wiki iliyopita vijana watatu waliniletea ombi kwamba upande wa avoka upandishwe mpaka 140. Niliwaambia wakatafute tawi lenye nguvu.